Uso wako na zile karatasi

Mwanangu,

Ujumbe wako wa sauti nimeusikiza mara mbili, mara ya pili nikiwa kwenye mbuzi nakuna nazi. Wasema wapiga filamu za makala wamekuomba uzungumzie zahanati yetu iliyokwama kwenye lenta, nawe waniuliza: utoke uso wazi, au wakuweke gizani na sauti waibadilishe?

Hilo giza litakuficha na nani? Kijiji kizima chajua ni nani aliyekuwa akienda kuulizia zahanati. Sauti wakiibadilisha, mikono itakutaja. Hujapata kuzungumza nayo ikatulia. Utakuwa umefichwa watu wa Nairobi, ambao hata hawakutafuti.

Lakini niliogopa, sikufichi. Mwaka 1986 nilikuwa msichana wa sekondari. Watu wakikamatwa kwa kushukiwa kuwa wa Mwakenya, kundi la siri lililoipinga serikali, wengine wakiteremshwa vyumba vya chini vya Nyayo House, jengo la serikali Nairobi, wakateswe. Babu yako hakutaja jambo la serikali bila kwanza kupandisha redio, na hakuiacha tabia hiyo mpaka kufa kwake. Wewe una Katiba ya 2010: kifungu cha 33 chakupa kusema, cha 35 chakupa kuuliza. Naviheshimu. Ila karatasi naiheshimu zaidi.

Wakikumbuka kile kisima? Nilipopeleka barua ofisini, nilimtaka karani agonge muhuri na kwenye nakala yangu. Akaniuliza ya nini. Nikanyamaza, nikasimama pale pale. Akagonga kwa wino wa zambarau, tarehe ikatoka nusu. Nikamrudishia agonge tena. Sheria ya Kupata Habari ya 2016 yaipa ofisi siku 21 ijibu. Siku ya 22 nilikuwa mlangoni na ile nakala, tayari kwenda nayo kwa Ombudsman, apokeaye malalamiko dhidi ya ofisi za serikali, na siku hiyo niliwekewa kiti.

Basi toka uso wazi, ila useme lile tu ulilo na karatasi yake. Kilichotengwa kwenye bajeti, kitaje. Jengo halina paa, waonyeshe. "Fulani amezila hizo pesa" liache, hata ukiwa na hakika nalo moyoni. Kweli Mahakama Kuu ilifuta kosa la jinai la kuchafua jina mwaka 2017, lakini kesi ya madai bado ipo, na wakili halipwi kwa asante.

Ninayemhofia hasa ni yule aliyekupa zile hati za zahanati. Wapiga filamu hupenda kuisogeza kamera mpaka herufi zijae kioo. Uliponitumia picha ya ukurasa wa pili, pembeni palikuwa na maneno matatu ya kalamu. Mwandiko ule niliutambua hata kabla sijavaa miwani, na ofisini kwao watautambua upesi kuliko mimi. Chapa upya tarakimu unazozihitaji. Ukurasa wenyewe usiguse kamera.

Waambie waje Jumamosi, nitakuwepo. Na hiyo fomu ya ridhaa usiitie saini kabla sijaisoma.

Mamako