Usingoje Kustaafu Ndipo Uisome Katiba ya Chama Chako

Siku chache baada ya mkutano mkuu kunichagua kuwa katibu wa chama chetu cha michezo, nilipokea ujumbe wa msomaji, msichana wa Kitanzania anayepiga makasia katika timu ya chuo chake huko Marekani. Aliniuliza kama aanze sasa kujishughulisha na uongozi wa michezo au asubiri mpaka atakapostaafu. Namjibu hapa, mbele ya wote, kwa kuwa najua wengi mnaonisoma mna azma hiyo hiyo ya kutoka uwanjani, kuingia katika vikao na kurekebisha yale yaliyowaumiza. Asisubiri hata kidogo.

Mimi pia nilipigia makasia Marekani, kwenye mto Schuylkill jijini Philadelphia. Nilifika nikiwa mwogeleaji kutoka Tanga, nikapokewa katika timu ya wanawake kwa sababu ya urefu wangu. Sheria ya mwaka 1972 iitwayo Title IX inakataza ubaguzi wa kijinsia katika elimu inayofadhiliwa na serikali yao, na kwa kuwa mashua moja huchukua wapiga makasia wanane na mshika usukani, vyuo vingi viliona kwamba mchezo huu unatoa nafasi nyingi kwa wanawake kwa mkupuo mmoja. Mashua hiyo ina urefu wa takriban mita 18, na ni nyembamba mno kiasi kwamba mmoja akichelewa kulitoa kasia majini, wote wanayumba. Viganja vyangu viliota malengelenge, yakapasuka, yakawa sugu ambazo bado ninazo, na ninajivunia kila moja.

Huko ndiko nilikoijua habari ya mpiga makasia Mmarekani Anita DeFrantz. Alizaliwa mwaka 1952 katika jiji hilo hilo, akakulia Indianapolis, akaanza kupiga makasia akiwa Connecticut College, kisha akasomea sheria University of Pennsylvania huku akiendelea na mazoezi. Mwaka 1976, wanawake waliporuhusiwa kwa mara ya kwanza kushindana katika makasia ya Olimpiki, tena kwa mita 1,000 tu wakati wanaume walikuwa wakienda mita 2,000, mashua yake ya watu wanane ilishika nafasi ya tatu mjini Montreal, nyuma ya Ujerumani Mashariki na Umoja wa Kisovyeti. Angeweza kuridhika na medali ile ya shaba. Badala yake aliingia katika baraza la ushauri la wanamichezo la kamati ya Olimpiki ya nchi yake, akiwa bado anashindana.

Ndiyo maana mwaka 1980, Rais Jimmy Carter aliposhinikiza timu ya Marekani isiende Olimpiki ya Moscow kwa sababu ya majeshi ya Kisovyeti kuivamia Afghanistan, DeFrantz hakubaki kulalamika pembeni. Aliongoza wanamichezo wenzake kuishtaki kamati hiyo mahakamani, kwa hoja kwamba sheria ya michezo ya mwaka 1978 iliwapa haki ya kushindana. Mwezi Mei walishindwa, kwani jaji alisema sheria hiyo haikuwapa haki ya namna hiyo. Lakini miaka sita baadaye aliingia katika Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki, na mwaka 1997 akawa mwanamke wa kwanza kuwa makamu wa rais wake.

Sisi Watanzania tuna sababu ya kuielewa hadithi hii kuliko wengi. Mwaka ule wa Montreal, nchi yetu ilikuwa miongoni mwa zile za Afrika zilizosusia kwa sababu ya New Zealand kucheza raga na Afrika Kusini ya ubaguzi, na Filbert Bayi, aliyekuwa akishikilia rekodi ya dunia ya mita 1,500, hakukimbia. Mwaka 1980 mambo yaligeuka: DeFrantz alizuiwa, Bayi akaenda Moscow na kurudi na medali ya fedha ya mita 3,000 kuruka viunzi na maji. Baadaye Bayi akawa katibu mkuu wa Kamati ya Olimpiki Tanzania kwa miaka mingi. Sidhani ni bahati tu kwamba watu wawili walionyang'anywa Olimpiki na maamuzi ya vikao waliishia kukaa katika vikao.

Nami nilinyang'anywa, ingawa kwa kiwango kidogo. Kabla sijaenda masomoni, nilifikia muda uliotakiwa wa kuogelea ili nisafiri na timu, na jina langu lilikuwa kwenye orodha iliyobandikwa ukutani. Asubuhi ya kukusanya pasipoti, jina lilikuwa limekatwa kwa kalamu nyekundu na la mtu mwingine kuandikwa juu yake kwa mkono, bila saini wala tarehe. Nilipouliza, niliambiwa kwamba wakubwa wameamua. Bado inaniuma, na sitajifanya kwamba nimesahau. Niliporudi nchini niliomba nakala ya katiba ya chama kilichosimamia timu ile, nikakuta imeandikwa wazi kwamba uteuzi ni kazi ya kamati ya ufundi na kwamba mabadiliko yote lazima yaingie katika kumbukumbu za kikao. Ibara hiyo ilikuwepo muda wote. Hakuna mwanamichezo aliyekuwa ameisoma.

Basi wadogo zangu, someni katiba. Hudhurieni mkutano mkuu hata kama hamna kura, ulizeni kama akidi, yaani idadi ya wajumbe inayotakiwa, imetimia au la, daini taarifa ya mapato na matumizi, kisha rudini nyumbani mkaisome katiba tena. Medali itakufanya usikilizwe kwa dakika tano, lakini anayeijua ibara husika ndiye atakayeandikwa katika kumbukumbu.

Na wewe mdogo wangu uliyeniandikia, kama ndoto yako ya kufika Olimpiki itatimia, ujue kwamba Hati ya Olimpiki, yaani kanuni kuu za michezo hiyo, inaitaka kila kamati ya taifa iwe na wawakilishi waliochaguliwa na wanamichezo, ambao wao wenyewe walishiriki Olimpiki, na uwakilishi huo unakoma si zaidi ya mwisho wa Olimpiadi (kipindi cha miaka minne) ya tatu baada ya michezo yao ya mwisho. Kwa hiyo muda wako una mwisho, na huanza kuhesabika baada ya michezo yako ya mwisho. Kwa sasa omba nakala ya katiba ya timu yako ya chuo, uangalie nani huwachagua viongozi wake na lini, kisha uniandikie ulichokikuta.