Ukitaka kazi ya miti huku Queensland, jifunze ukoo wa mti kabla ya jina lake

Wiki iliyopita nimekabidhiwa usimamizi wa mbegu kwenye kitalu cha miti ya asili ninachofanyia kazi, hapa nyanda za juu za Atherton, kaskazini mwa jimbo la Queensland, Australia. Nafasi hii nimeipigania na ninajivunia kuipata. Sasa mimi ndiye ninayeamua mbegu za mti gani zikusanywe, lini, chini ya mti mama upi, na mche uandikwe jina gani. Tangu habari hiyo ienee kwenye kundi letu la WhatsApp, wadogo zangu mmekuwa mkinitumia ujumbe usiku na mchana, hasa ndugu zetu Wakongomani na Warundi walioko Brisbane na Toowoomba. Mnataka kutoka kwenye machinjio na mashamba ya ndizi mje kwenye kazi za misitu, na wote mnasema jambo moja: majina ya miti yanawatisha. Naandika hapa ili niwajibu wote kwa pamoja.

Habari za viza na za miaka ya kufungasha ndizi nitaziruka, maana kila mmoja wenu anazo za kwake. Nianze na mti.

Nimekulia Marangu. Kihamba cha babu kilikuwa na migomba, chini yake kahawa, na juu ya vyote migrivea. Babu alikuwa akipogoa matawi msimu hata msimu, tukapata kuni bila mti kufa, na vitanda vyote vya nyumba ile vilitengenezwa kwa mbao za mgrivea. Ndugu zangu wa Meru na Nyeri mnauita mukima au mubariti. Tuliuona ni mti wetu kabisa. Kumbe kwao ni huku, kwenye misitu ya mvua ya kusini mwa Queensland na kaskazini mwa New South Wales, hasa kandokando ya mito, na huku jina lake ni Silky Oak. Wakoloni ndio walioupeleka Afrika Mashariki uwe kivuli cha kahawa na chai.

Sasa sikilizeni. Kwenye kitalu nilichofanyia kazi kabla ya hiki, mteja aliagiza miche ya Silky Oak apande shambani kukinga upepo. Ndani ya kitalu tulikuwa na miti miwili yenye jina hilo hilo. Mmoja ni mgrivea, Grevillea robusta, wenye maua ya rangi ya chungwa yaliyojipanga kama chanuo. Wa pili ni mti wa huku huku kaskazini, Northern Silky Oak, ambao wataalamu wanauita Cardwellia sublimis. Huo maua yake ni meupe ya maziwa, na tunda lake ni ganda gumu kama ubao linalopasuka na kutoa mbegu bapa zenye mabawa. Nikauliza: anataka Silky Oak ipi? Msimamizi akanijibu mbele ya wenzangu wote kwamba Silky Oak ni Silky Oak, na kwamba mimi nimeajiriwa kubeba viriba. Nikabeba. Baada ya muda mzigo wote ukarudishwa, mteja amekasirika, kwa sababu alichotaka ni ule wa maua ya chungwa aliouzoea utotoni kwao. Hakuna aliyeniambia samahani. Nimesamehe, lakini maneno yale bado nayasikia, na ndiyo yaliyonifanya nikae kila jioni na jani mkononi mpaka nikaijua miti kuliko aliyeyasema.

Ushauri wangu wa kwanza basi ni huu: jina la Kiingereza la mti lisikutoshe hata siku moja. Shika jani.

Majina haya yana historia, na ukiijua hutababaika tena. Waliokuja kukata mbao kutoka Uingereza hawakuwa na shida na mti. Walikuwa na shida na ubao. Waliuona ubao wa mgrivea una michirizi mipana inayong'aa kama ya mwaloni wa kwao, wakauita mwaloni. Waliuona ubao mwekundu, mwepesi, wenye harufu nzuri, wakauita mwerezi, Red Cedar, wakati mti wenyewe, Toona ciliata, hauna undugu wowote na mwerezi. Ni wa ukoo wa mwarobaini na mkangazi. (Wa Arusha na Kenya mnajua jambo hili: hata mtarakwa wetu wameuita seda, na wenyewe ni mreteni.) Queensland Maple ni wa ukoo wa mchungwa na mlimau, na leo mbao zake zinatengeneza fanicha na magitaa ya bei. Queensland Walnut ni wa ukoo wa mparachichi na mdalasini, na una mchanga wa silika ndani ya mbao kiasi kwamba misumeno ya maseremala inakuwa butu haraka. White Beech ni ndugu wa gmelina tunayopanda kwetu. Majina haya yalitungwa ili mbao ziuzike, na ziliuzika kweli. Kuanzia miaka ya 1790 wakata mbao waliuandama Red Cedar kutoka maeneo ya Sydney kupanda kaskazini, bonde kwa bonde, wakauita dhahabu nyekundu, na karne ya 19 ilipoelekea kwisha walikuwa wameshafika huku kwetu Atherton. Huku kaskazini ukataji wa kibiashara ulikomeshwa baada ya misitu hii kuandikwa Urithi wa Dunia mwaka 1988.

Watu wananiuliza kwa nini Red Cedar haupandwi mashamba makubwa ukavunwa kama msaji. Wamejaribu sana. Kuna nondo, Hypsipyla robusta, ambaye funza wake anatoboa ncha ya mche, ncha inakufa, mti unatoa matawi mengi ya pembeni na hauendi juu tena. Wanaopanda mikangazi Afrika wanamfahamu mdudu wa aina hiyo. Sisi kitaluni tunaotesha Red Cedar kwa ajili ya kurudishia misitu, na tunawashauri wakulima wauchanganye na miti mingine, uanze maisha chini ya kivuli. Utautambua kirahisi: ni kati ya miti michache ya msitu huu inayopukutisha majani yote msimu wa baridi, kisha majani mapya yanatoka mekundu.

Ukiacha majina ya wauza mbao, yako majina ya watu wa bustani, na majina ya wanaotafuta chakula msituni. Hapo ndipo wengi mnapopotea. Chukua Syzygium luehmannii. Muuza mbao anauita Cherry Satinash. Mwenye bustani anauita Lilly Pilly. Mpishi anayetengeneza jemu ya matunda yake mekundu anauita Riberry. Mti ni mmoja. Na ndugu zangu wa Unguja na Pemba, mti huo sio mgeni kwenu hata kidogo: mkarafuu ni Syzygium, na mzambarau ni Syzygium. Nilipolijua hilo nilifurahi sana, na kuanzia hapo kazi ikawa nyepesi, kwa sababu ukoo mmoja ulinifungulia miti mingi kwa mpigo.

Fanya hivi. Chuma jani moja kutoka kwenye mti wa bustani yako, sio wa hifadhi. Liangalie limepangwaje kwenye kijiti: majani ya Syzygium yanakaa mawili mawili, yanatazamana. Liinue juu ya jua. Utaona vitone vidogo vinavyopitisha mwanga, hivyo ni vifuko vya mafuta. Angalia ukingo wa jani: kuna mshipa mwembamba unaotembea sambamba na ukingo kuanzia chini hadi nchani, na mishipa ya katikati inaishia hapo. Sasa likunjekunje unuse. Huo ndio ukoo wa mkarafuu, mpera na mkaratusi. Lemon Myrtle, ambao majani yake yanauzwa kama chai na kiungo, ni wa ukoo huo huo, na harufu yake ya limau huwezi kuisahau. Ukiona vitone vya mafuta bila ule mshipa wa ukingoni, na jani limegawanyika vijani kadhaa, jiulize kama sio ukoo wa mchungwa. Shika jani, inua, nusa. Siachi kulisema hili, na wale niliowafundisha kitaluni wananijua.

Ukoo mwingine wa kuanza nao ni ule wa mgrivea, maana ndani yake yumo pia makadamia. Wakenya, zao lenu la makadamia linatokea kwenye misitu ya mvua ya mpakani mwa Queensland na New South Wales. Jina hilo alilitoa mtaalamu wa mimea Ferdinand von Mueller mwaka 1857 kumuenzi rafiki yake John Macadam, lakini Waaborijini, wenyeji wa asili wa Australia, walikuwa wameshazila karanga hizo na kuziita majina yao, mojawapo jindilli, maelfu ya miaka kabla hao wawili hawajazaliwa. Mbegu zikafika Thika mwaka 1946, na leo Kenya iko kwenye safu ya mbele ya wazalishaji duniani. Wakati huo huo, makadamia wa mwituni huku kwao wako hatarini kutoweka, kwa sababu misitu yao ilifyekwa kupata mashamba na viwanja vya nyumba. Linaniuma kila ninapolifikiria.

Majina ya Waaborijini yapeni uzito kuliko yote. Bunya ni jina lao: Araucaria bidwillii, mti ambao koni yake moja inaweza kufika kilo 10, na koni zilipokomaa kwa wingi, makabila yalisafiri kutoka mbali kukusanyika kwenye Milima ya Bunya, kula, kuozana na kumaliza kesi. Quandong ni jina lao pia, ingawa hapo mwe waangalifu: Blue Quandong wa msitu wa mvua, mwenye matunda ya buluu yanayomezwa mazima na ndege kasuari, sio Quandong wa jangwani, ambaye ni jamaa wa msandali.

Na gympie-gympie ni jina lao. Huu lazima muujue kabla ya kukanyaga msituni. Jani lake lina umbo la moyo, pana, laini kwa kutazama, ukingo wake una meno, na mara nyingi limetobolewatobolewa na wadudu. Unapenda kuota kwenye uwazi, pale mti mkubwa ulipoanguka au pembeni mwa njia, yaani hapo hapo tunapopitia sisi wakusanya mbegu. Vinyweleo vyake ni vioo vitupu. Vinaingia kwenye ngozi vikiwa na sumu, na maumivu yanaweza kurudi kwa miezi kila unapooga maji ya baridi. Mwenzetu mmoja wa kikosi aligusa kwa nyuma ya mkono. Ni mwanaume wa shoka, lakini siku ile alilia mbele yetu. Ukiguswa usisugue, vinyweleo vitakatikia ndani. Huku watu wanatumia nta ya kung'olea nywele kuvinyofoa, na hospitali za eneo hili wanaujua mti huo vizuri. Vaa glavu, vaa mikono mirefu, na tazama unapoweka mkono.

Kuhusu kula, tuwe na adabu. Black Bean, Castanospermum australe, ana ganda kubwa lenye mbegu za kahawia zinazong'aa, nzuri kuliko chestinati za dukani, na ni sumu. Waaborijini walizila, lakini kwa kazi ya siku kadhaa: kuzioka, kuzikatakata vipande vyembamba, kuziweka kwenye vikapu ndani ya maji yanayotiririka mpaka sumu iishe. Ujuzi huo ni wa wenyewe, usiujaribu kwa kusoma kwenye simu. Mwaka 1971 huko Daintree ng'ombe walikufa, na tumboni mwao zikakutwa mbegu za mti ambao wanasayansi walidhani umeshapotea, leo unaitwa Idiospermum australiense. Msitu huu haujali wewe umetoka wapi. Ukitaka tunda la kuanzia, chukua Davidson's Plum kutoka kwa mkulima, ni chachu kupindukia lakini jemu yake haina mfano.

Wadogo zangu, msikubali mtu awaambie kazi yenu ni kubeba viriba. Mmekulia kwenye mikarafuu, mizambarau, miparachichi, mikangazi na migrivea. Nusu ya darasa mnayo tayari. Nusu iliyobaki ni bure: CSIRO, shirika la serikali ya Australia la utafiti wa sayansi, na wataalamu wa hifadhi ya mimea ya Cairns wameweka mtandaoni mwongozo wa kutambua zaidi ya aina 2,500 za mimea ya misitu hii, hulipi hata senti. Chagua koo tatu, ukoo wa mgrivea, wa mkarafuu na wa mparachichi, ukae nazo mpaka uzijue kwa jani. Usikimbilie orodha ndefu ya majina. Nilipoitwa kwenye usaili waliniwekea majani mezani bila tunda wala ua, na nilianza na ukoo kila mara. Waliokuwa wamekariri majina walikwama.

La mwisho, kwa mnaoniomba mbegu za kupeleka nyumbani. Kwenye hifadhi hakuna ruhusa ya kuchuma hata tunda lililoanguka bila kibali, kwa hiyo msiniombe hilo. Mbegu za kitalu unaweza kununua, lakini kabla ya kulipa uliza kibali cha kuingiza: kwa mamlaka za afya ya mimea, Tanzania ni TPHPA, Kenya ni KEPHIS, kisha huku upate cheti cha afya ya mimea. Na kwenye fomu andika jina la kisayansi. Ukiandika Silky Oak, wa bandarini hatajua unamaanisha ipi.