Maswali ya Wasomaji: Kofi Kingston na Mieleka ya Wawili Wawili

Katika toleo lililopita tuliandika kwa ufupi kuhusu Kofi Kingston, mwanamieleka mzaliwa wa Ghana ambaye amejijengea jina katika kampuni ya WWE ya Marekani, na barua zilizotufikia baada ya hapo zimekuwa nyingi kuliko nafasi tuliyonayo. Tumechagua zile zinazouliza mambo ambayo wengi wenu mmeyauliza kwa namna moja au nyingine.

Mimi na mwanangu tunabishana. Yeye anasema Kofi Kingston ni Mghana, lakini mimi namkumbuka vizuri akitambulishwa ulingoni kuwa mtu wa Jamaika. Nani mkweli? (Mwalimu wa shule ya msingi, Morogoro)

Mwalimu, kumbukumbu yako ni sahihi, ila mwanao ndiye aliyeshika ukweli wa mambo. Kofi Nahaje Sarkodie-Mensah alizaliwa mjini Kumasi, Ghana, tarehe 14 Agosti 1981, akakulia Marekani katika jimbo la Massachusetts, akasoma Boston College na kufanya kazi ya ofisini kabla ya kuingia katika mafunzo ya mieleka. Alipoanza kupanda ulingoni mwaka 2006 alijivika uhusika wa Mjamaika, akiongea kwa lafudhi ya kisiwa hicho, na WWE ilipomwonyesha kwenye televisheni kwa mara ya kwanza Januari 2008 ilimtambulisha hivyo hivyo. Lafudhi hiyo iliachwa mwaka 2009, na tangu wakati huo mtangazaji amekuwa akimtaja kuwa anatoka Ghana, Afrika Magharibi.

Kwa maoni yetu uamuzi huo ulichelewa, maana kijana wa Kumasi hakuhitaji kuazima nchi nyingine ili apendwe. Inafurahisha kwamba mataji yake makubwa zaidi aliyapata baada ya kujulikana kwa asili yake.

Kwa nini refa haoni mchezaji anapopigwa na watu wawili kwenye kona? Na yule mwenzake aliye nje, kwa nini asiingie tu kumsaidia? Huwa nakasirika mpaka nazima televisheni. (Fundi seremala, Mombasa)

Ndugu fundi, hasira hiyo ndiyo wanayoitafuta, na wanaijenga kwa ustadi ambao watazamaji wengi hawautambui. Katika mieleka ya wawili wawili ni mchezaji mmoja tu wa kila timu anayeruhusiwa kuwa ndani ya ulingo. Mwenzake husimama nje ya kamba kwenye kona yao, akishika kipande kifupi cha kamba kilichofungwa hapo, na hawezi kuingia kihalali mpaka aguswe mkono na aliye ndani. Wakishagusana, anayetoka hupewa hesabu ya tano ili aondoke, na katika sekunde hizo chache wote wawili wanaweza kumshambulia mpinzani bila kuvunja kanuni.

Kutokana na kanuni hizo chache hujengwa mchezo mzima. Timu yenye hila humvuta mpinzani mmoja hadi kwenye kona yake na kumzuia asifike kwa mwenzake. Mwenzake huyo, akishindwa kuvumilia, hujaribu kuingia; refa humkimbilia kumzuia, na hapo anageuza mgongo. Kwa hiyo yule anayeingia kwa nia njema ndiye anayewapa wapinzani nafasi ya kumpiga rafiki yake wawili kwa mmoja bila kuonekana. Mambo yakifika ukingoni, aliyepigwa hutambaa, hunyoosha mkono, hugusa, na mwenzake huingia akiwa na nguvu mpya huku ukumbi mzima ukisimama. Ukitazama kwa makini utaona kwamba shangwe hiyo haitokani na anayeingia. Inatokana na aliyelala chini, ambaye kwa dakika kumi amekuwa akiwafanya watazamaji waamini kwamba hatafika.

Kazi hiyo ya kulala chini ni ngumu na haina sifa nyingi, na Kofi ameifanya kwa miaka mingi kwa sababu mwili wake mwepesi huanguka kwa namna inayoaminika na hurukaruka kwa namna inayopendeza anapopata nafasi ya kujibu. Angalia pia jinsi alivyokuwa akimalizia mapambano pamoja na mwenzake wa timu, Big E: Big E alimbeba mpinzani begani, Kofi akaruka kutoka juu ya kona, akakidaka kichwa cha mpinzani hewani, na wote watatu wakaanguka kwa pamoja. Mmoja akichelewa kidogo tu, mtu anaweza kuumia shingo. Hakuna mtu anayejifunza jambo hilo peke yake.

Kama ni timu ya wawili, mbona New Day walikuwa watatu na wote wakaitwa mabingwa? (Mwanafunzi wa kidato cha tano, Tanga)

Kuna desturi ya zamani iliyopewa jina la kundi la Fabulous Freebirds, watu watatu waliovuma Marekani katika miaka ya 1980, inayoruhusu wawili wowote kati ya watatu kuutetea ubingwa wa kundi. Kofi, Big E na Xavier Woods, ambao ndio kundi la New Day, walipewa ruhusa hiyo.

Lakini historia yao haikuanza vizuri. Kundi lilianza mwishoni mwa mwaka 2014, wakiletwa kama watu wa kuhubiri matumaini kwa makofi na tabasamu, na mashabiki waliwazomea waziwazi. Badala ya kuvunjika moyo waliikubali ile zomeazomea, wakageuka kuwa maadui wenye kiburi cha kuchekesha, na Aprili 2015 wakatwaa ubingwa wao wa kwanza kwa kuwashinda Tyson Kidd na Cesaro. Waliupoteza miezi miwili baadaye. Kisha, tarehe 23 Agosti 2015, waliurudisha na kukaa nao kwa siku 483, wakaipita rekodi ya siku 478 iliyowekwa na timu ya Demolition mwishoni mwa miaka ya 1980. Katika muda huo Woods alikuwa akipuliza tromboni kando ya ulingo, na watu waliokuwa wakizomea wakawa wanaimba nao.

Kabla ya New Day, Kofi alikuwa amekwisha kutwaa ubingwa wa timu akiwa na wenzake watatu tofauti: CM Punk mwaka 2008, Evan Bourne mwaka 2011, na R-Truth mwaka 2012. Mtu anayeweza kubadilisha wenzake kiasi hicho na bado akashinda nao wote ana kipaji cha kumsoma mwenzake, na tunadhani hilo halitajwi vya kutosha anaposifiwa.

Nasikia Kofi alipata ubingwa mkubwa wa WWE kwa kusaidiwa na marafiki. Je, hilo halipunguzi heshima ya ushindi wake? (Muuguzi, Nakuru)

Tunaona kinyume chake, na tutaeleza kwa kirefu kwa sababu hiki ndicho kisa kinachotufanya tumpende mchezaji huyu.

Mwanzoni mwa Februari 2019 Kofi alikuwa na umri wa miaka 37, amekaa kwenye televisheni ya WWE miaka kumi na moja, na hakuwa katika mipango ya ubingwa mkubwa. Mchezaji mwingine, Mustafa Ali, akaumia, na nafasi yake katika pambano la Elimination Chamber, ambalo wachezaji sita hugombea ubingwa ndani ya kizimba kimoja, akapewa Kofi. Jumanne ya tarehe 12 Februari alicheza mapambano ya mfululizo kwa zaidi ya saa nzima, akawashinda bingwa mwenyewe Daniel Bryan, kisha Jeff Hardy, kisha Samoa Joe, mpaka akazidiwa na AJ Styles. Siku tano baadaye, katika Elimination Chamber yenyewe mjini Houston, alibaki na Bryan wa mwisho kati ya sita. Alishindwa, lakini ukumbi ulikuwa umesimama kwa ajili yake.

Baada ya hapo hadithi iliyochezwa, maana mieleka hii huandikwa kama tamthilia, ni kwamba mwenye kampuni, Vince McMahon, hakumwona kuwa anastahili. Tarehe 19 Machi aliwekewa wapinzani watano mmoja baada ya mwingine, akawashinda wote, na papo hapo akaongezewa wa sita, Bryan, ambaye alimshinda akiwa hoi. Wiki iliyofuata, tarehe 26 Machi, sharti likageuzwa: Big E na Woods wazishinde timu kadhaa mfululizo katika usiku mmoja, ndipo mwenzao apate nafasi. Wakacheza. Walipofika kwa ndugu pacha Jimmy na Jey Uso, ambao walikuwa wamepambana nao vikali mwaka 2017, mapacha hao wakakataa kupigana nao, wakawapisha kwa heshima. Timu ya mwisho ilikuwa ya Bryan mwenyewe na mshirika wake Rowan, nayo ikashindwa.

Basi tarehe 7 Aprili 2019, katika WrestleMania ya 35, onyesho kubwa la kila mwaka la WWE, huko New Jersey, Kofi alimshinda Daniel Bryan na kuwa mzaliwa wa Afrika wa kwanza kutwaa ubingwa wa WWE. Bryan alikuwa ameubadilisha mkanda na kuweka mwingine wa katani na mbao. Ni Big E na Woods waliomletea Kofi ule mkanda wa kawaida, na watoto wake wakapanda ulingoni. Dada muuguzi, wewe unajua kazi za zamu na jinsi mtu mmoja anavyosimama kwa sababu mwingine amembebea. Mwanamieleka aliyetumia miaka akilala chini ili wenzake waingie kwa shangwe, safari hii wenzake walilala chini kwa ajili yake. Sisi hatuoni pungufu lolote hapo.

Mwaka huohuo alisafiri kwenda Ghana, nchi ambayo hakuwa ameiona kwa zaidi ya miaka ishirini na mitano.

Kwa nini alipoteza ubingwa huo kwa sekunde chache tu? (Msomaji, Bujumbura)

Aliutetea kwa siku 180, kisha tarehe 4 Oktoba 2019 Brock Lesnar alimshinda katika muda usiofika sekunde kumi. Matokeo ya mieleka hii hupangwa na waandishi, na uamuzi huo ulikuwa mbaya: bingwa aliyejengwa kwa miezi miwili ya jasho alistahili angalau pambano la kweli. Kofi alirudi kwenye mieleka ya timu, na Desemba 2022 yeye na Woods wakatwaa ubingwa wa timu wa NXT, tawi la WWE la kukuza wachezaji.

Niliona Kofi na Woods wakimfukuza Big E, nikalia. Je, walikosana kweli? Na kama kila kitu kimepangwa, tunalia kwa nini? (Mama wa watoto wawili, Muscat)

Ulichokiona kilikuwa tukio la tarehe 2 Desemba 2024, siku ya kuadhimisha miaka kumi ya kundi, ambapo katika hadithi walimlaumu Big E kwa kuwaacha. Lilikuwa limeandikwa. Kilichokuwa nyuma yake hakikuandikwa na mtu: tarehe 11 Machi 2022, mjini Birmingham, Alabama, Big E alirushwa nje ya ulingo, akaangukia kichwa na kuvunjika mifupa ya shingo, na hadi usiku huo wa Desemba hakuwa amerudi kucheza. Mama, machozi yako hayakupotea bure, kwa kuwa kuagana na mchezaji ambaye mwili wake umemkatalia ni huzuni halisi hata kama maneno yamepangwa. Baada ya hapo Kofi na Woods waliendelea pamoja kama maadui wa watazamaji, na Aprili 2025, katika WrestleMania iliyofanyika Las Vegas, wakatwaa tena ubingwa wa timu.

Nataka kuanza kumfuatilia. Nitazame pambano gani kwanza? (Kijana, Lubumbashi)

Anza na lile la tarehe 8 Oktoba 2017, ambapo Big E na Woods walipambana na mapacha wa Uso ndani ya kizimba, ili uone ukali wa uadui wao. Kisha tazama ya 19 na 26 Machi 2019, na hapo ndipo uende kwenye la 7 Aprili. Wengi huliruka lile la 26 Machi kwa sababu Kofi mwenyewe hachezi. Usiliruke, kwa kuwa bila kuwaona Big E na Woods wakihangaika usiku ule hutaelewa kwa nini mapacha wa Uso waliwapisha, wala kwa nini watu walilia New Jersey.