Hedifoni ya PS4 kwenye kompyuta: unasikia, husikiki

Mdogo wangu wa Mwanga, Kigoma, hedifoni yako haijafa. Unasema kwenye PS4, mashine ya gemu ya PlayStation, unaongea vizuri, ila ukiichomeka kwenye kompyuta ya mezani unasikia gemu na wenzako hawakusikii. Hebu tazama pini yake: ukiona pete nyeusi tatu, waya huo mmoja unabeba sauti na maiki kwa pamoja. Kompyuta za mezani nyingi zina matundu mawili, la kijani la sauti na la pinki la maiki. Ukichomeka kwenye kijani, maiki inakosa njia.

Nenda kwa wauza vifaa vya simu, ulizia kiwaya cha Y chenye tundu moja upande huu na pini mbili upande wa pili, moja ya spika, nyingine ya maiki. Kuwa macho: kipo kinachofanana nacho, cha watu wawili kusikiliza simu moja. Kina matundu mawili na pini moja, na muuzaji mwenye haraka atakupa hichohicho. Kikatae.

Ukishachomeka, ingia mipangilio ya sauti ya Windows, uichague maiki hiyo, kisha uongee uone kama mstari wa kupima sauti unachezacheza. Laptop yenye tundu moja la pamoja haihitaji kiwaya chochote.