Santuri ya Fats Domino kutoka kabati la marehemu

SWALI: Shikamoo mzee. Baba mdogo alipofariki, tulikuta kabatini kwake santuri kubwa ya Fats Domino, yule mwimbaji na mpiga piano wa Marekani, "Rock and Rollin' with Fats Domino". Ina madoa meupe. Kaka yangu anasema hiyo ni rhythm and blues ya zamani, muziki wa Wamarekani Weusi, iliyobandikwa jina jipya la rock and roll. Ni kweli? Na je, naweza kuipiga kwenye gramafoni ya babu, ile ya kuzungusha kwa mkono?
Msomaji, Magomeni Mikumi

JIBU: Marahaba mwanangu, na poleni sana kwa msiba.

Nianze na gramafoni: usithubutu! Ile ni ya santuri za mizunguko 78 kwa dakika, na sindano yake ya chuma ina uzito wa kuchimba. Yako ni ya mizunguko 33, mifereji yake myembamba. Jirani yangu hapa Ilala aliwahi kuazima santuri yangu akaipiga kwenye mashine kama hiyo, mara moja tu. Ilirudi imejaa unga mweusi, uimbaji umegeuka mchakacho. Mpaka leo inaniuma.

Sasa kaka yako. Amesema kweli. Zile nyimbo 12 hazikutungwa kwa ajili ya albamu; kampuni ya Imperial ilizikusanya kutoka santuri ndogo ambazo Fats alikwisha kuzitoa. "The Fat Man" ulirekodiwa Desemba 1949 kwenye studio ya Cosimo Matassa, mjini New Orleans, Marekani. "Ain't It a Shame" ni wa 1955. Sehemu kubwa ya miaka hiyo alikuwa na mpiga tarumbeta Dave Bartholomew, mtunzi mwenzake na msimamizi wa rekodi zake. Fats mwenyewe alisema kwamba hicho wanachokiita rock and roll ni rhythm and blues, na kwamba alikuwa ameshaipiga New Orleans kwa miaka 15.

Ukipata mashine ya santuri za mizunguko 33, anza na "The Fat Man". Mkono wa kushoto kwenye piano unakanyaga kama mtu anayetwanga, na katikati Fats anaacha maneno, anaimba "wa-wa" kwa sauti nyembamba kama tarumbeta iliyozibwa mdomo. Kisha weka "Ain't It a Shame". Anaimba maneno mawili, bendi inapiga mara mbili, inanyamaza. Anaimba tena, wanapiga tena. Halafu sikiliza mkono wa kulia unavyogonga tatu-tatu ndani ya kila pigo. Hizo tatu-tatu ndizo alama yake. Mimi nikizisikia naacha hata chai ipoe.

Wimbo huohuo mwaka uleule uliimbwa na kijana mzungu, Pat Boone, ukafika namba 1 kwenye chati kubwa ya Marekani. Wa Fats, mwenye wimbo, uliishia namba 10. Marehemu baba yako mdogo alichagua kuweka ule wa mwenyewe, na kwa hilo namheshimu.

Madoa meupe ni ukungu tu, unyevu wa hapa Dar. Chukua maji vuguvugu, tone la sabuni ya vyombo na kitambaa laini cha pamba. Futa kwa kuzunguka, ukifuata mifereji, usikate kati. Karatasi ya katikati isilowe. Suuza kwa maji safi, iache ikauke kivulini, kisha uisimamishe wima. Ukiilaza chini ya vitu kwa joto letu hili, itapinda.