Dola za kahawa kutoka Urusi zimekwama: Tanzania haijaweka vikwazo, benki inazuiaje?

SWALI: Shikamoo mama. Mimi ni katibu wa kikundi cha wakulima wa kahawa hapa Mbozi. Msimu huu tumepata mnunuzi wa St Petersburg, tukakubaliana kontena moja, magunia 320 ya kilo 60. Malipo ya awali ni dola 27,000, na kinachobaki atalipa akipata nakala za hati za mzigo. Ameshatuma, hata karatasi ya benki yake ametuonesha, lakini hii ni wiki ya tano na akaunti yetu haijaingia kitu. Benki inajibu neno moja tu: "ipo kwenye uchunguzi wa vikwazo". Wanachama wameanza kunong'ona kwamba nimekula hela. Tanzania haijaiwekea Urusi vikwazo, sasa benki ya hapa inazuiaje? Kuna dalali ametushauri mnunuzi alipe kupitia kampuni ya rafiki yake iliyoko Dubai, na sisi kwenye ankara tuandike kwamba mnunuzi ni hiyo kampuni na mzigo unakwenda huko. Tufanye hivyo?

JIBU: Marahaba mwanangu. Nianze na la dalali kwa sababu halisubiri: msifanye. Sababu nitaieleza mbele. Kama kuna karatasi mmeshaiandika hivyo, ichaneni leo, kabla haijafika benki wala forodha.

Kuhusu Tanzania umesema kweli. Urusi ilipoivamia Ukraine tarehe 24 Februari 2022, suala lilipelekwa Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa, na siku iliyofuata Urusi ikatumia kura yake ya turufu. Tarehe 2 Machi Baraza Kuu likapiga kura ya kulaani uvamizi: nchi 141 zilikubali, 5 zikakataa, 35 zikajizuia, na Tanzania ilikuwa kati ya hizo 35. Kwa hiyo vikwazo unavyovisikia si vya Umoja wa Mataifa. Ni vya Marekani, Umoja wa Ulaya, Uingereza, Kanada, Japani na wenzao, kila mmoja kwa sheria yake. Hakuna sheria ya Tanzania inayokukataza kumuuzia Mrusi kahawa.

Vikwazo vya Baraza la Usalama ni kitu kingine, na sisi wa huku kusini tunavifahamu kuliko tunavyodhani. Barabara inayopita hapo Vwawa kwenda Tunduma ina historia hiyo. Ian Smith, kiongozi wa walowezi Wazungu, alipojitangazia uhuru wa Rhodesia, ambayo leo ni Zimbabwe, tarehe 11 Novemba 1965, Waingereza wakazuia mafuta yasimfikie, na Zambia, iliyokuwa ikipata mafuta yake kupitia Rhodesia, ikabaki mikono mitupu. Malori yakaanza kubeba mapipa ya mafuta kutoka Dar es Salaam, yakapanda Iringa, yakapita Mbeya kwenye vumbi na tope, mengine yakiishia korongoni pamoja na madereva wao. Desemba 1966 Baraza la Usalama likaweka vikwazo vya lazima kwa nchi zote wanachama, na mwaka 1968 likavikaza. Bomba la TAZAMA la kupeleka mafuta Ndola lilikamilika mwaka huo huo wa 1968, kisha ikaja reli ya TAZARA, iliyokabidhiwa mwaka 1976. Smith mwenyewe aliendelea kupata mafuta kupitia Afrika Kusini na Msumbiji ya Wareno. Aliyebeba gharama ya kwanza ni jirani. Nalisema hili kwa sababu miaka yote niliyokaa kwenye dawati la malipo ya nje nimeona jambo hilo hilo: kikwazo humlenga mwenye vita, lakini kikiwa njiani humkanyaga na mwenye gunia la kahawa.

Sasa tuje kwenye dola zenu, maana hapo ndipo fundo lilipo.

Dola haisafiri. Mnunuzi anapokutumia dola 27,000, hakuna noti inayotoka St Petersburg kuja Vwawa. Benki yenu ina akaunti yake ya dola kwenye benki kubwa ya nje, mara nyingi New York. Benki ya mnunuzi nayo ina akaunti kama hiyo, au inapitia kwa benki nyingine yenye akaunti. Kinachofanyika ni kwamba upande mmoja unapunguzwa kwenye vitabu vya kule na upande wa pili unaongezwa. Ujumbe wa kuamuru hivyo hupita kwenye mtandao wa SWIFT, chama cha mabenki kilichosajiliwa Ubelgiji, ambacho hubeba maagizo tu na hakishiki fedha. Kwa hiyo malipo ya Mrusi kwa Mtanzania, kwa kahawa ya Mbozi, yanapita chini ya sheria ya Marekani kwa sababu ya dola, na ujumbe wake unapita chini ya sheria ya Ulaya kwa sababu ya SWIFT. Dodoma haihusiki, na kusimama kwao hakuhitaji ruhusa ya Dodoma.

Hukuniambia jina la benki ya mnunuzi, na hilo ndilo swali la kwanza kabisa. Machi 2022 Umoja wa Ulaya uliagiza benki saba za Urusi zitolewe SWIFT, VTB ikiwemo. Juni mwaka huo ikaongezwa Sberbank, iliyo kubwa kuliko zote kule, na pia Rosselkhozbank, ambayo ndiyo benki ya kilimo. Marekani nayo ina orodha yake, inayosimamiwa na OFAC, ofisi iliyo chini ya Wizara yao ya Fedha. Aliyemo kwenye orodha hiyo mali yake inazuiwa popote inapogusa mfumo wa Marekani. Na kampuni ambayo walioorodheshwa wanamiliki nusu yake au zaidi inahesabiwa imo, hata kama jina lake halijaandikwa popote. Hapo ndipo wakulima wengi wanaponaswa. Wanatafuta jina la mnunuzi kwenye orodha, hawalioni, wanapumua, kumbe mwenye hisa ndiye aliyemo.

Usiwaone maofisa wa benki yenu kama waoga bure. Mwaka 2014 benki ya Kifaransa BNP Paribas ilikubali kulipa Marekani karibu dola bilioni 8.9 kwa kupitisha malipo ya Sudan, Iran na Cuba huku ikificha majina ya wahusika kwenye jumbe za malipo. Desemba 2023 Rais wa Marekani alisaini amri inayoruhusu kuiadhibu hata benki isiyo ya Kimarekani ikishughulikia malipo yanayohusu viwanda vya vita vya Urusi, na Juni 2024 wigo wake ukapanuliwa sana. Benki ya hapa ikifungiwa akaunti yake ya New York, haitakwama kahawa yenu peke yake; mwagizaji wa dawa, wa matairi na wa mbolea wote watakwama pia. Ongeza kwamba kuanzia Oktoba 2022 hadi Juni 2025 nchi yetu ilikuwa kwenye ile orodha ya kijivu ya FATF, chombo cha kimataifa kinachofuatilia fedha haramu, na benki za nje zilizoea kutuangalia mara mbili. Ninachowalaumu ni ukimya. Kumwacha katibu wa kikundi wiki tano na neno moja, huku wanachama wakimtazama kama mwizi, ni kumkosea heshima.

Habari njema ni kwamba kahawa haijakatazwa. Vikwazo vya Marekani vina kibali cha jumla, namba 6, kinachoruhusu miamala ya mazao ya kilimo, chakula, mbolea na dawa. Ulaya nayo imeacha nafasi kwa chakula. Hata kampuni kubwa za meli, Maersk na MSC, zilipotangaza Machi 2022 kuacha kupokea mizigo ya Urusi, ziliacha mlango wa chakula na dawa. Tatizo ni kwamba ruhusa iliyo kwenye karatasi haimlazimishi mtu kukuhudumia. Waulize jirani zetu ng'ambo ya Kasumulu. Kampuni ya Kirusi ilijitolea mbolea, tani 20,000 ziende Malawi bure kupitia Shirika la Mpango wa Chakula Duniani. Mbolea haikuwa imekatazwa. Lakini shehena hiyo ilikwama Uholanzi kwa sababu ya jina la tajiri aliyehusishwa na kampuni, na meli ikaondoka mwishoni mwa Novemba 2022, wakati mkulima wa Malawi alikuwa ameshaanza kupanda. Nakumbuka mwaka ule hapa Mbeya mfuko wa mbolea ya DAP ulivyopita shilingi laki moja, mpaka tarehe 8 Agosti Rais alipozindua ruzuku kwenye uwanja wa John Mwakangale na bei ikashushwa hadi 70,000. Bei ilikuwa imeanza kupanda kabla ya vita, lakini vita na hofu ya mabenki viliongeza mzigo.

Haya, cha kufanya. Nenda benki wewe na mwenyekiti, na barua. Usiulize "pesa iko wapi", uliza hivi: malipo haya yamesimama kwenye benki ipi, na yamesimamishwa, yamekataliwa au yamezuiwa? Maneno hayo matatu hayafanani hata kidogo. Yaliyosimamishwa yanasubiri maelezo, na wenye kutoa maelezo ni ninyi. Yaliyokataliwa yanarudi kwa mnunuzi, hakuna aliyepoteza zaidi ya muda na makato. Yaliyozuiwa yamewekwa kwenye akaunti maalumu yenye riba huko Marekani na hayarudi kwa yeyote mpaka OFAC itoe leseni. Maombi ya leseni unaweza kuyapeleka wewe au mnunuzi, na subira yake ni ndefu. Kama ni hilo la tatu, waambieni wanachama mapema, kwa karatasi za benki mkononi.

Mnunuzi naye atoe namba ya ufuatiliaji ya malipo, inaitwa UETR, ina herufi na tarakimu 36 ukihesabu na vistari. Ile karatasi aliyowaonesha haitoshi, kwa sababu inathibitisha kwamba aliagiza benki yake tu. Kwa UETR, benki yenu inaweza kuona malipo yamefika hatua gani. Akikataa kuitoa, hapo mimi ningeanza kumtilia shaka yeye kabla ya kumtilia shaka mtu mwingine.

Kisha pelekeni bahasha nzima hata kabla hamjaulizwa: mkataba, ankara, cheti cha uasilia wa kahawa kutoka Bodi ya Kahawa, cheti cha afya ya mimea cha TPHPA, mamlaka ya afya ya mimea na viuatilifu, usajili wa kampuni ya mnunuzi na majina ya wamiliki wake, pamoja na barua fupi ya kueleza kwamba bidhaa ni kahawa ya chakula. Meli ikishajulikana, andikeni na namba yake ya IMO, ile ya utambulisho wa meli yenye tarakimu saba. Meli nazo huorodheshwa, na majina yao hufanana. Niliwahi kushughulikia malipo ya chai ya Tukuyu yaliyokwama siku kumi na tisa kwa sababu jina la meli lililingana na la meli nyingine iliyofungiwa. Tulipotuma namba, yaliachiwa kesho yake asubuhi.

Na sasa Dubai. Mtu wa Dubai akinunua kahawa yenu kweli, kwa mkataba wake na fedha zake, hakuna kosa. Kosa ni kuandika jambo lisilokuwepo. Karatasi zenu zitagombana zenyewe: ankara itasema Dubai, cheti cha kahawa kinachotaja nchi inakokwenda kitasema Urusi, hati ya shehena itataja bandari ya St Petersburg. Mkizibadilisha zote, mmetoa taarifa za uongo kwa forodha na kwa Bodi. Fedha zenyewe zikitoka Dubai kwa dola zitapita New York vilevile, na kule kuficha jina la mlipaji ndilo kosa lililoigharimu BNP Paribas. Leo mna muamala halali uliochelewa. Mkimsikiliza dalali, mtakuwa na muamala haramu, na saini iliyo juu yake ni yako, si yake.

Kuna njia ya kubadili sarafu, yaani kupokea yuani au dirhamu, kama benki yenu ina akaunti ya sarafu hiyo na inakubali. Tangu Juni 2024 soko la fedha la Moscow lenyewe liliacha kuuza na kununua dola na yuro, kwa hiyo mnunuzi huenda atafurahi. Lakini msidhani ni mlango wazi, kwani benki za China nazo zimekaza tangu amri ile ya Desemba 2023. Ulizeni benki kwanza, kwa maandishi, kabla hamjamtajia mnunuzi.

Wakati yote haya yanaendelea, kahawa isitoke ghalani. Ikaushwe vizuri, ikae juu ya mbao, na mwandikieni mnunuzi leo kwamba tarehe ya kupakia imesogea mpaka malipo ya awali yaonekane kwenye akaunti yenu. Muulizeni pia benki yake ni ipi. Ukipata jibu nitumie jina hilo, nami nitalipitisha kwenye orodha pamoja nawe.