Moshi wa jirani: shika daftari kabla hujamtafuta wakili

Mwaka 2017 tulihamia kwenye nyumba yetu pembezoni mwa Dar es Salaam, nyumba tuliyoijenga kidogo kidogo kwa miaka sita. Nyuma ya ukuta kulikuwa na kiwanda kidogo cha kuyeyusha aluminiamu chakavu na kusubu masufuria. Mchana kulikuwa shwari. Tanuru liliwashwa usiku, kwa oili chafu ya magari, na asubuhi nilikuta chandarua cha mwanangu kimeshika masizi. Alikuwa na miaka mitatu. Akaanza kukohoa.

Nilikosea tangu mwanzo. Nilikwenda kugonga geti nikiwa na hasira, nikafokeana na vijana wa zamu, vibarua wasio na kauli yoyote juu ya tanuru. Kesho yake mwenye kiwanda akanitangulia ofisi ya serikali ya mtaa kunishtaki. Mwenyekiti akaniuliza, "Mama, huo moshi unatoka saa ngapi?" Nikajibu, "Kila siku." Akaweka kalamu chini. Hapakuwa na cha kuandika.

Siku ile ile nilinunua daftari. Nakuomba na wewe ununue lako leo. Andika hivi: "Juni 14, saa 5:20 usiku, moshi mweusi, harufu ya oili, umekoma saa 10:05 alfajiri. Mtoto kaamka mara mbili." Ukimpeleka zahanati, bandika cheti kwenye ukurasa wa siku hiyo. Waombe majirani nao waandike, kila mmoja lake, kwa maneno yake. Mzee wa nyumba ya tatu alikuwa anaandika tangu kabla yangu, na hakuna aliyewahi kumuuliza.

Barua ya malalamiko peleka nakala mbili, moja igongwe muhuri wa kupokelewa urudi nayo. Yangu ya kwanza niliiacha mezani bila muhuri. Ikapotea, na miezi miwili ikapotea nayo. Anzia mtaani, kisha kwa afisa afya wa kata na afisa mazingira wa manispaa, halafu NEMC, baraza la taifa la mazingira. Huko uliza kama kiwanda kina cheti cha tathmini ya athari kwa mazingira. Usitishwe na maneno ya "mlitukuta". Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya 2004 inampa kila anayeishi Tanzania haki ya mazingira safi, na haki ya kwenda mahakamani kuidai.

Na mahakama zimewahi kusikiliza. Wakazi wa Tabata waliishtaki halmashauri ya jiji mwaka 1988 kwa moshi na uvundo wa dampo, wakashinda. Dampo lilipohamishiwa Kunduchi Mtongani, wa huko nao wakashtaki, wakashinda. Lakini jiandae kwa safari ndefu. Pale Owino Uhuru, Mombasa, kiwanda cha kuyeyusha betri chakavu kilianza 2007. Phyllis Omido, aliyekuwa mfanyakazi wake, aliamka baada ya damu ya mtoto wake kukutwa na madini ya risasi. Kesi ilifunguliwa 2016. Mwaka 2020 wakazi wakapewa fidia ya shilingi bilioni 1.3 za Kenya, Mahakama ya Rufani ikaitengua 2023, Mahakama ya Juu ikairudisha Desemba 2024. Vipimo vya damu ndivyo vilivyowabeba. Nawe usichelewe kupima.

Sisi hatukufika huko. Kwenye kikao chetu na mwenye kiwanda tulisema wazi hatutaki kiwanda kifungwe, maana vijana kumi na wawili walikula hapo. Yeye, aliyekuwa amesimama mlangoni, akavuta kiti akaketi. Tukasoma madaftari kwa zamu, tarehe kwa tarehe. Alikubali kuacha oili chafu, kurefusha bomba na kutowasha tanuru usiku. Nikang'ang'ania yaandikwe, yawe na tarehe ya mwisho na sahihi za wote. Alipochelewa wiki tatu, mwenyekiti alimpelekea karatasi yake mwenyewe.

Bomba lilipanda mwezi wa tisa. Daftari langu linaishia Oktoba 2: "Hakuna moshi. Mtoto kalala mpaka asubuhi."